Setilaiti ndogo za mchemraba: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Tangu Kenya irushe setilaiti yake ya Taifa-1 mnamo Aprili 2023, maswali kuhusu setilaiti ndogo yamekuwa mengi, hasa kutoka kwa wanafunzi, walimu wa fizikia na mafundi wa elektroniki. Haya hapa ni yale yanayojirudia zaidi, pamoja na majibu yake.

Setilaiti ya mchemraba ni kitu gani hasa?

Ni setilaiti iliyojengwa kwa kipimo kilichokubaliwa duniani kote: mchemraba wenye urefu, upana na kimo cha sentimita 10. Ujazo wake ni lita 1 hivi. Kipimo hicho huitwa yuniti na huandikwa 1U. Anayehitaji nafasi zaidi huunganisha yuniti kadhaa, ndipo utasikia 2U, 3U, 6U, 12U au hata 16U. Uzito wa 1U ulianza kwa kikomo cha kilo 1, ukapandishwa hadi kilo 1.33, na kanuni za karibuni zinaruhusu kilo 2. Kiwango chenyewe kinaitwa CubeSat.

Udogo peke yake hauifanyi setilaiti kuwa ya aina hii. ETRSS-1 ya Ethiopia, iliyorushwa Desemba 2019, ina uzito wa kilo 70 hivi. Ni ndogo ukiilinganisha na zile za tani nzima, lakini haikujengwa kwa kipimo cha mchemraba.

Nani aliyeibuni, na alikuwa akitafuta nini?

Walikuwa maprofesa wawili wa California, mwaka 1999: Jordi Puig-Suari wa chuo cha Cal Poly mjini San Luis Obispo, na Bob Twiggs wa Stanford. Shida yao ilikuwa ya darasani. Mradi wa setilaiti wa chuo ulichukua miaka mingi kiasi kwamba mwanafunzi aliyechora michoro ya kwanza alikuwa ameshahitimu na kuajiriwa kabla chombo hakijaondoka maabara. Walitaka kitu ambacho mwanafunzi angeweza kukibuni, kukijenga, kukifanyia majaribio na kukisikia kikiita kutoka angani akiwa bado chuoni. Twiggs amesimulia kwamba ukubwa wenyewe aliupata kutokana na kasha la plastiki la kuwekea wanasesere wa Beanie Babies; aliliona dukani, akapiga hesabu ya paneli za sola zitakazoenea kwenye pande zake, akaona panatosha.

Kundi la kwanza la kweli liliruka tarehe 30 Juni 2003 kutoka Plesetsk, Urusi, juu ya roketi ya Rokot. Zilikuwa sita: mbili za Denmark, mbili za Japani, moja ya Kanada na moja ya Marekani. Ile ya Chuo Kikuu cha Tokyo, XI-IV, ambayo ni kijimchemraba kilichojengwa na wanafunzi, iliendelea kutuma ishara kwa zaidi ya miaka 15. Chuo hicho kikumbuke, maana tutakutana nacho tena kwenye habari za Rwanda.

Kuna ajabu gani katika kukubaliana juu ya kipimo tu?

Hapo ndipo penye siri yote. Mwenye roketi ana mzigo mkuu wa thamani kubwa, na hataki kifaa cha wanafunzi kiulegeze, kiupigie mawimbi ya redio au kiulipukie. Zamani kila setilaiti ndogo ilibidi ijadiliwe upya: itafungwaje, itaachiliwaje, itatikisikaje. Wabunifu wa mchemraba wakaweka kasha la alumini kati ya setilaiti na roketi. Kasha la kwanza lilibeba yuniti tatu kwa mstari. Ndani yake kuna reli nne na springi moja, na mlango mbele. Roketi ikifika obiti, yaani njia ya kuizunguka dunia, mlango hufunguka na springi husukuma setilaiti nje polepole. Ni mfumo ule ule wa kontena bandarini Kilindini: kreni haina haja ya kujua kilichomo ndani, mradi pembe zake zinalingana na za kontena jingine lolote.

Kwa hiyo mwenye roketi hukagua kasha, na kasha humhakikishia kwamba chochote kilichomo hakitamdhuru. Masharti ya mjenzi nayo ni machache na hayabadiliki ovyo. Reli ziwe laini na za kipimo sahihi. Umeme uwe umekatwa kabisa kwa swichi zinazobanwa muda wote setilaiti ikiwa kwenye kasha. Ikishatoka, isubiri angalau nusu saa kabla ya kukunjua antena zake, ili iwe mbali na wenzake.

Kutokana na makubaliano hayo kumezaliwa soko. Leo unaweza kununua bodi ya umeme kutoka kampuni moja, redio kutoka nyingine, fremu kutoka ya tatu, na zikaingiana. Fundi wa Nairobi na mwenzake wa Sofia wanazungumzia milimita zile zile. Zaidi ya setilaiti 2,000 za aina hii zimesharushwa, na sidhani kama lingewezekana kwa njia nyingine.

Ndani ya sentimita 10 kunaingia nini?

Kunaingia zaidi ya mtu anavyodhani. Pande za nje hufunikwa na seli za sola za daraja la angani, ambazo hugeuza karibu asilimia 30 ya mwanga kuwa umeme. Hata hivyo upande mmoja wa 1U una nafasi ya seli mbili hivi, na umeme unaopatikana ni kama wati 2. Balbu nyingi za LED za nyumbani hula zaidi ya hapo. Kila uamuzi mwingine katika ubunifu hutokana na umaskini huo wa umeme: redio itatuma kwa nguvu gani, kamera itawashwa lini, kompyuta italala saa ngapi.

Betri ni za lithiamu, mara nyingi zile zile za duara zinazotumika kwenye laptop na tochi, ila zimechaguliwa moja moja na kupimwa. Zina kazi ngumu: setilaiti huzunguka dunia kwa takriban dakika 90, na zaidi ya theluthi moja ya muda huo inaweza kuwa gizani. Hiyo ni mara 15 au 16 kwa siku za kuchaji na kumaliza chaji.

Kuna kompyuta ndogo inayosimamia yote, na kuna redio. Antena za UHF na VHF zilitengenezwa, na bado hutengenezwa na wengi, kwa futi ya chuma ya fundi seremala. Utepe ule hukunjwa ukazungushwa mwilini, ukafungwa kwa uzi wa nailoni, na angani waya mdogo hupashwa moto ukakata uzi. Utepe hujinyoosha wenyewe. Ni rahisi, ni nyepesi, na imefanya kazi mara nyingi sana.

Halafu kuna suala la kuelekea upande unaotakiwa. Setilaiti iliyotoka kwenye kasha hubingirika. Wengine huweka sumaku ya kudumu ndani ili ifuate uga wa sumaku wa dunia. Wengine huweka koili za waya zinazopitishiwa umeme ili kusukumana na uga huo, na wenye 3U kwenda juu huongeza magurudumu madogo yanayozunguka kwa kasi ili kuigeuza setilaiti kwa umakini. Bila hayo, kamera nzuri kiasi gani itapiga picha za giza.

Setilaiti hizi hufikaje angani?

Kwa njia mbili kuu. Ya kwanza ni kupanda roketi pamoja na wengine. Tarehe 15 Februari 2017 roketi ya PSLV ya India ilibeba setilaiti 104 kwa mkupuo mmoja, na tarehe 24 Januari 2021 Falcon 9 ya SpaceX ikabeba 143. Ubaya wa njia hii ni kwamba unakwenda anakokwenda mwenye gari, siku anayoondoka yeye.

Ya pili ni kupitia Kituo cha Kimataifa cha Anga. Setilaiti hupelekwa na chombo cha mizigo, ikiwa imefungwa vizuri kama shehena nyingine. Mwanaanga huipitisha kwenye mlango wa kutokea nje, kusiko na hewa, wa maabara ya Kibo ya Japani, kisha mkono wa roboti huishika nje na kuielekeza, na springi huisukuma. Njia hii ilianza mwaka 2012. Inapendwa na wanaoanza kwa sababu safari ya kwenda kituoni ni ya upole, na kwa sababu mwaka 2015 Japani na Ofisi ya Umoja wa Mataifa ya Masuala ya Anga za Juu zilianzisha mpango wa KiboCUBE, unaozipa taasisi za nchi zinazoendelea nafasi ya kurushiwa 1U bila kulipia.

Zinafanya kazi gani zaidi ya kufundishia?

Hapa ndipo wengi hushangaa. Kampuni ya Planet, iliyoanzishwa na watu waliotoka NASA, ilichukua umbo la 3U na kuweka ndani yake darubini yenye kamera. Katika ile safari ya India ya 2017, 88 kati ya 104 zilikuwa zao, na kabla mwaka huo haujaisha walikuwa wakipiga picha nchi kavu yote ya dunia karibu kila siku. Kila nukta ya picha hizo hufunika mita 3 hadi 5 za ardhi. Huwezi kumtambua mtu, lakini unaona shamba lililofyekwa, barabara mpya ya magogo, mto uliohama.

Faida ya kupiga kila siku inaeleweka zaidi kwetu kuliko kwa watu wa nchi zenye ukame na baridi. Kamera ya kawaida haipenyi mawingu. Juu ya misitu ya Congo na ukanda wa pwani wakati wa masika, setilaiti inayopita kila baada ya siku kadhaa inaweza kukosa picha safi kwa wiki nyingi. Ukipita kila siku unaokota vipande visivyo na wingu, unaviunganisha, na mwisho wa mwezi una ramani kamili. Kuanzia 2020, serikali ya Norway ililipia kwa miaka kadhaa ramani kama hizo za ukanda wa tropiki na kuziweka wazi kwa yeyote anayelinda misitu.

Kampuni ya Spire nayo hutumia 3U kusikiliza badala ya kutazama. Setilaiti zake hupokea mawimbi ya GPS yanapopita pembeni mwa angahewa. Mawimbi hayo hujipinda kidogo kutegemea joto na unyevu, na kipimo cha mpindo huo huingizwa kwenye utabiri wa hali ya hewa. Pia hupokea ishara za meli na ndege. Afrika Kusini imefanya kazi inayofanana na hiyo kwa meli zake: ZACube-2 ya Cape Peninsula University of Technology, iliyorushwa Desemba 2018, ilifuatilia meli na kujaribu kamera ya kugundua moto wa nyika, na Januari 2022 chuo hicho kikarusha nyingine tatu za kulinda bahari.

Mwaka 2023 NASA ilirusha setilaiti nne za 3U ziitwazo TROPICS, kutoka New Zealand. Hizi zilijengwa ili kupima joto na unyevu ndani ya tufani kwa mawimbi ya maikrowevu, na kwa kuwa zilikuwa kadhaa zilirudi juu ya dhoruba moja baada ya muda mfupi, ilhali setilaiti moja kubwa ingerudi baada ya saa nyingi. Kifaa cha namna hiyo zamani kilihitaji chombo cha tani nzima.

Kuna hata zilizofika Mirihi. MarCO-A na MarCO-B, za 6U kila moja, zilisafiri kando ya chombo cha InSight, na kilipotua tarehe 26 Novemba 2018 ndizo zilizorusha habari za kutua kwake hadi duniani papo kwa papo. Wiki chache baadaye zilinyamaza, kazi yao ikiwa imekwisha.

Je, Starlink ni setilaiti za aina hii?

Hapana. Zile za kwanza zilikuwa na uzito wa zaidi ya kilo 200, na za sasa ni nzito zaidi. Intaneti ya kasi inahitaji antena kubwa na umeme mwingi. Mchemraba unafaa kwa ujumbe mfupi: kipimo cha maji kisimani, mahali alipo tembo mwenye kola, halijoto ya ghala. Kampuni ya Kinéis ya Ufaransa, kwa mfano, imeweka angani setilaiti 25 za 16U kwa kazi hiyo.

Afrika Mashariki tumefikia wapi?

Habari hii ianzie mbali kidogo, Ngomeni, karibu na Malindi. Tangu miaka ya 1960 Waitaliano wa Chuo Kikuu cha Sapienza cha Roma walikuwa wakirusha roketi kutoka jukwaa la San Marco lililosimikwa baharini hapo. Tarehe 12 Desemba 1970 iliruka setilaiti ya Marekani iliyopewa jina Uhuru kwa heshima ya sikukuu ya Kenya siku hiyo. Ilikuwa ya kwanza duniani kutengenezwa mahususi kwa kuchunguza mionzi ya eksirei kutoka kwenye nyota. Urushaji wa mwisho hapo ulikuwa 1988, lakini kituo cha mawasiliano kilibaki.

Ushirikiano huo wa Sapienza ndio uliozaa setilaiti ya kwanza ya Kenya. Chuo Kikuu cha Nairobi kilikuwa cha kwanza kabisa kuchaguliwa na KiboCUBE, na tarehe 11 Mei 2018 1KUNS-PF, mchemraba mmoja, ilisukumwa kutoka Kibo. Nakiri wazi kwamba napenda sana mfululizo huu: ufukwe uliotumika kurusha setilaiti za wengine, na chuo kile kile cha Roma, vikaishia kuwasaidia wahandisi wa Nairobi kurusha ya kwao.

Rwanda ilifuata na RWASAT-1, ya 3U, iliyojengwa kwa ushirikiano na Chuo Kikuu cha Tokyo, wale wale wa XI-IV. Iliachiwa kutoka kituo cha anga Novemba 2019 ikiwa na kamera na kipokezi cha kukusanya data kutoka kwenye vipimo vya ardhini. Uganda ilipeleka wahandisi watatu katika taasisi ya teknolojia ya Kyushu, Japani, kwenye mpango uitwao BIRDS, ambapo vijana wa nchi mbalimbali hujenga setilaiti za nchi zao meza moja. PearlAfricaSat-1 yao iliondoka Virginia tarehe 7 Novemba 2022 pamoja na ZimSat-1 ya Zimbabwe, zikaachiwa angani Desemba 2. Kisha ikaja Taifa-1 ya Kenya, 3U, tarehe 15 Aprili 2023 kutoka Vandenberg, California, iliyosanifiwa na kampuni ya Kenya ya SayariLabs kwa kushirikiana na EnduroSat ya Bulgaria. Jirani yetu Djibouti alirusha yake ya kwanza Novemba mwaka huo huo.

Inagharimu kiasi gani?

Kwa Taifa-1 kiasi kilichotangazwa kilikuwa shilingi milioni 50 za Kenya. Kuhusu nauli, SpaceX ilipofungua huduma yake ya kubeba mizigo midogo kwa pamoja, bei iliyotangazwa ilikuwa dola milioni 1 kwa hadi kilo 200, yaani dola 5,000 kwa kilo. Mteja wa 1U haipati bei hiyo moja kwa moja, kwa sababu kuna kampuni ya kati inayomiliki kasha na kushughulikia makaratasi, nayo inataka chake.

Lakini kinachomeza fedha polepole ni watu na majaribio. Setilaiti hutikiswa kwenye mashine kwa mtindo wa roketi, huwekwa kwenye chumba cha ombwe na kupashwa joto na kupozwa kwa zamu, hukaguliwa tena. Kisha kuna kituo cha ardhini, na mishahara ya wanaokiendesha kwa miaka. Bajeti inayoishia siku ya kurusha ni bajeti pungufu, na hilo ni vizuri kulisema mapema kabla waziri hajasaini.

Mbona nyingi hufa mapema?

Kati ya zile sita za 2003, mbili hazikusikika kabisa, na nyingine ilisumbuliwa na betri ikafa baada ya miezi michache. Hali hiyo iliendelea kwa miradi mingi ya kwanza ya vyuo. Chanzo mara nyingi ni kitu kidogo: antena haikukunjuka, betri ilishuka chaji wakati wa kusubiri, kompyuta ilijiwasha upya bila kikomo kwa hitilafu ya programu. Angani hakuna wa kwenda kubonyeza kitufe. Hata mashirika makubwa hayakusalimika: kati ya michemraba 10 iliyosafiri na chombo cha NASA cha Artemis I kuelekea Mwezini Novemba 2022, kadhaa zilikuwa zimekaa zimefungwa kwa muda mrefu zikisubiri roketi, na baadhi hazikutimiza kazi yake.

Dawa inajulikana, ingawa haifurahishi mwenye haraka. Setilaiti iwashwe mezani ikiwa kamili, iendeshwe kwa redio kutoka chumba kingine kana kwamba iko angani, kwa wiki nyingi, bila mtu kuigusa. Timu nyingi hutumia muda wote kwenye vipande na kukutanisha vyote siku chache kabla ya kusafirisha. Hapo ndipo hitilafu hujificha.

Hudumu muda gani? Inaweza kutuangukia?

Inategemea kimo. Kutoka kituo cha anga, kilomita 400 hivi juu, mabaki membamba ya hewa huivuta chini, na 1U huungua angani baada ya mwaka mmoja au miwili. Kwenye kilomita 500 hadi 550 hukaa miaka kadhaa. Ukikaribia 600 au zaidi muda unaweza kuvuka muongo. Jua likichangamka, angahewa hutanuka na muda hupungua. Kifaa cha kilo moja au mbili huteketea kabisa inaporudi, kwa hiyo aliye ardhini hana la kuhofia.

Hofu ya kweli ni huko juu. Setilaiti iliyokufa huendelea kukimbia kwa kasi ya zaidi ya kilomita 7 kwa sekunde, mwendo ambao ungeifikisha kutoka Dar es Salaam hadi Mombasa ndani ya dakika moja, na michemraba mingi haina injini ya kukwepa. Kwa miaka mingi desturi ilikuwa kuhakikisha chombo kinaondoka obiti ndani ya miaka 25 baada ya kazi. Mwaka 2022 mamlaka ya mawasiliano ya Marekani iliamua kwamba kwa zinazopata leseni zake muda huo uwe miaka 5. Naona ni uamuzi wa haki, na nchi zetu zinazoanza leo zingefanya vyema kuandika sharti hilo kwenye kanuni zao kabla hazijalazimishwa.

Ni lazima kupata ruhusa?

Ndiyo, na si moja. Kwa Mkataba wa Anga za Juu wa 1967, nchi ndiyo inayowajibika kwa chochote raia wake au chuo chake kinachorusha. Masafa ya redio hupitia mamlaka ya mawasiliano ya nchi, kama TCRA kwa Tanzania au CA kwa Kenya, ambayo huwasilisha kwa Umoja wa Kimataifa wa Mawasiliano ya Simu, ITU. Ukitumia masafa ya wanaredio wa ridhaa, kuna uratibu wa shirikisho lao la kimataifa pia. Anza makaratasi siku unapoanza michoro. Taratibu hizi zimechelewesha miradi ambayo vifaa vyake vilikuwa tayari kabatini.

Ukizipuuza? Januari 2018 kampuni ya Marekani ya Swarm Technologies ilirusha vijisetilaiti vinne vya robo yuniti kwa roketi ya India baada ya kunyimwa leseni nyumbani, kwa hofu kwamba vilikuwa vidogo mno kufuatiliwa kwa rada. Mwisho wa mwaka ililipa dola 900,000.

Picha zinaweza kununuliwa, na nyingine ni bure. Kwa nini nchi ijisumbue kujenga?

Swali hili linastahili jibu la kweli. Kama lengo ni picha za mashamba pekee, basi usianze na kurusha. Setilaiti za Sentinel-2 za Umoja wa Ulaya hutoa bure picha ambazo nukta yake ni mita 10, kila baada ya siku 5 hivi, na mchemraba wa kwanza wa nchi yoyote hautazishinda. Mkoa ambao afisa ugani wake hajawahi kufungua picha hizo hautanufaika ghafla kwa sababu picha mpya ina bendera yetu.

Sababu ya kujenga ni watu. Mhandisi aliyewahi kusaka hitilafu ya redio usiku kucha, akaandika programu inayovumilia kujizima na kujiwasha, akajadiliana na mwenye roketi na mamlaka ya masafa, anabaki nchini na ujuzi ambao hauuzwi. Ujuzi huo huingia kwenye mita za umeme, mitambo ya hali ya hewa, vifaa vya hospitali. Kwa hiyo mradi wa namna hii naupima kwa maswali haya: waliojenga ya kwanza wako wapi leo? Ya pili ilijengwa na nani, na sehemu gani ilifanyika nyumbani? Kenya ilipotoka kwenye mchemraba wa chuo hadi Taifa-1 yenye kampuni ya ndani, ilipiga hatua ninayoithamini kuliko neno "ya kwanza" lililotawala vichwa vya habari. Mradi usio na ajira baada ya urushaji huwafundisha vijana wetu ili wakaajiriwe na wengine.

Mimi ni mwanafunzi na sina maabara. Naweza kufanya nini leo?

Sikiliza. Michemraba mingi ya vyuo hutuma kwenye masafa ya 435 hadi 438 MHz, na kupokea kunahitaji kifaa kidogo cha USB cha redio ya programu, aina ya RTL-SDR, laptop, na antena unayoweza kuijenga mwenyewe. Robo ya wimbi kwenye 437 MHz ni sentimita 17 hivi; kata vipande viwili vya urefu huo kutoka futi ya chuma ya zamani, kwangua rangi kwenye ncha, unganisha waya wa antena katikati. Programu ya bure ya Gpredict itakuambia setilaiti itapita saa ngapi na kutoka upande gani. Kila mpito ni dakika 10 hivi au pungufu, na utaona masafa yakiteleza kutoka kilohezi 10 juu hadi 10 chini kadiri inavyokukaribia na kukuacha. Hapo fizikia ya Doppler iliyokuwa ubaoni inaonekana kwenye kioo chako. Utaelewa pia kwa nini data ni adimu: kwa biti 9,600 kwa sekunde, dakika 10 kamili hukupa kilobaiti 720 tu, chini ya picha moja ya simu.

Mwenye bodi ndogo ya LoRa, aina ya redio inayotuma ujumbe mfupi mbali kwa umeme kidogo, anaweza kujiunga na mtandao wa wasikilizaji wa TinyGS, na mwenye kituo imara zaidi na SatNOGS, mradi wa wazi ulioanzia Ugiriki ambao huunganisha vituo vya watu binafsi duniani. Vituo vilivyo karibu na ikweta vina thamani kwa timu zilizo mbali, kwa sababu setilaiti yao ikiwa juu yetu wao hawaioni. Kusikiliza ni tofauti na kutuma: kutuma kunahitaji leseni ya redio ya ridhaa na jina la mwito, ambalo kwa Tanzania huanza na 5H, Kenya 5Z, Uganda 5X. Uliza masharti ya kupokea kwenye mamlaka ya nchi yako kwanza. Ukinasa ishara, andika saa kwa UTC (saa ya pamoja ya dunia), masafa na mahali ulipo, hifadhi faili la sauti, kisha utume kwa timu yenye setilaiti. Vyuo vingi huchapisha muundo wa ujumbe wa chombo chao, na hasa katika siku za kwanza baada ya kurusha husubiri taarifa za namna hiyo kwa hamu.